Mayai Mawili kwenye Unga wa Ulezi

Jambo hili lilianzia jikoni kwa Bibi Kokugonza, Izimbya, Jumamosi saa tatu asubuhi. Mjukuu wake Evodia, msichana wa miaka kumi na sita mwenye rekodi ndefu kuliko umri wake, aliitoa tati ya kwanza, yaani kikombe cha unga uliookwa cha kutilia matunda, kwenye kikopo chake, akaiinua kwa vidole viwili kama padri ainuavyo hostia, na tati ikamporomokea kiganjani kama ukuta wa udongo ulionyeshewa wiki nzima.

Akaitazama. Akaitoa ya pili. Nayo ikafariki.

Hakuwa na muda wa misiba. Evodia hakuja Izimbya kwa likizo, alikuja kwa hukumu. Wiki tatu kabla, katika bwalo la shule yake ya bweni kule Muleba, alikuwa amepanda juu ya benchi na kusoma hotuba ya kuyaaga maharage. Maharage haya, alisema, yameitumikia shule yetu miaka arobaini bila likizo wala kupandishwa cheo, na leo yanastaafu kwa heshima zote. Wasichana mia tatu wakasimama kimya dakika moja, vichwa chini. Ungekuwa mzaha safi kabisa, ila siku hiyo bwaloni walikuwemo wakaguzi wanne, ambao kwa kutojua nao walisimama, na mmoja wao akavua kofia.

Shule ikaamua hivi: wiki tatu nyumbani, halafu Jumatatu arudi na mlezi. Mlezi huyo asimame mbele ya Sista Benadetha, mkuu wa shule, aseme kwa kinywa chake kwamba mtoto huyu anafaa kupokelewa. Bila mlezi, hakuna shule.

Baba yake, Mzee Ishengoma wa Buhembe mjini, alikwisha kusimama katika ofisi ya Sista huyo mara mbili. Mara ya tatu alikataa kwa simu. "Maneno yameniisha," alisema. "Nenda kwa bibi yako, ukae naye. Akiona unafaa, atakupeleka. Asipoona, kuna shule ya kutwa hapa jirani, utakuwa unarudi kila jioni nikuone kwa macho yangu."

Kuonwa kwa macho ya baba kila jioni! Evodia aliipenda shule yake kuliko alivyowahi kumwambia mtu yeyote. Alipenda kelele za bweni, na marafiki waliocheka kabla hajamaliza sentensi. Zaidi ya vyote alipenda klabu ya mapishi, mahali pekee ambapo walimu walimwita kwa jina lake bila kupandisha sauti. Kwa hiyo wiki tatu zile alikuwa mtakatifu. Aliteka maji, alimenya ndizi, alichuma kahawa mpaka vidole vikanata. Bibi alimtazama tu, hakusema ndiyo wala hapana. Na sasa zilibaki siku mbili.

Ndipo akakumbuka tati za matunda. Akamwomba Bibi unga wa ulezi, ule uliosagwa na maganda yake, mwekundu na mzito, akauchanganya na samli, sukari na maji kidogo, akaukandamiza ndani ya vikopo kumi na viwili vya keki. Oveni ilikuwa sufuria kubwa lenye mchanga wa moto chini na makaa juu ya mfuniko. Kila kitu kilikwenda kama alivyofundishwa, isipokuwa jambo moja: shuleni walitumia unga wa ngano, na ngano hushikamana yenyewe. Ulezi hauna tabia hiyo. Ulezi ukikauka, kila chembe inakwenda kwao.

Akazunguka jikoni mara tatu. Akatoka nje, akarudi. Akachungulia kapu la mayai lililokaa juu ya kinu. Kuku wa Bibi walitaga vizuri, na Bibi hakuwahi kumnyima mjukuu yai. Akachukua mawili, akayapasua, akayakanda na unga mpya. Donge likatulia mikononi mwake kama mtoto aliyenyonya.

Saa sita tati kumi na mbili zilisimama juu ya jani la mgomba, kingo zake zimenyooka, rangi ya kahawa iliyokaangwa. Evodia alikuwa amechemsha nanasi na maji ya pasheni mpaka likawa zito. Akajaza vikombe vitatu tu, maana vikijazwa mapema hulowa, na juu ya kila kimoja akaweka entuntunu, vile vitunda vya njano vinavyojifunga ndani ya ganda kama taa ya karatasi. Akampelekea Bibi barazani kwa mikono miwili, akapiga magoti.

"Ni nini hiki?" Bibi akauliza. Alikuwa na miaka sabini na tisa, na meno aliyobakiwa nayo aliyatumia kwa hesabu.

"Tati, Bibi. Kikombe ni ulezi wako. Ndani ni nanasi."

"Kikombe kinaliwa?"

"Kinaliwa, Bibi."

Bibi akauma kidogo, kwa tahadhari ya mtu anayeijua rekodi ya mjukuu wake. Akatafuna. Akauma tena. Akamaliza cha kwanza, akachukua cha pili, na alipomaliza cha tatu akajipangusa kidole kimoja kimoja.

"Iwe mwisiki, wewe binti," alisema, maana akipenda jambo Kihaya kilimtoka chenyewe, "huu ulezi niliulima mwenyewe, nikaula uji miaka yote hii, sikujua una mambo haya ndani yake." Halafu, kana kwamba anataja hali ya hewa: "Jumatatu tutakwenda Muleba. Hatuendi mikono mitupu. Mimi nitabeba kahawa, wewe utabeba hivi vikombe vyako."

Evodia alirudi jikoni akitembea kwa adabu, na alipofika nyuma ya mlango akaruka mpaka kichwa kikagusa masizi.

Furaha ile iliishi kama nusu saa. Aliyeiua ni Vestina, mke wa baba yake mdogo, aliyekaa nyumba ya pili katika kibanja kilekile. Alikuja kuazima ungo, akapita penye shina la mgomba walipotupa maganda ya ndizi, akasimama.

"Haya maganda ni ya nini?"

"Ya mayai, mama mdogo."

"Najua ni ya mayai, sijazaliwa jana. Ya ndani yamekwenda wapi?"

"Kwenye tati."

"Tati zipi?"

"Za ulezi. Bibi kala tatu!" alisema Evodia kwa fahari.

Vestina akakaa juu ya ndoo. Ndoo ilikuwa na maji, lakini hakujali.

"Evodia. Bibi yako hajala yai tangu azaliwe."

"Hapendi?"

"Hapendi nini! Zamani huku mwanamke hali yai, hali kuku. Ndivyo walivyolelewa. Wenzake wote waliuacha mwiko huo. Padri alimwambia si dhambi, naye akamjibu kwamba hakuuliza kama ni dhambi. Mama yake hakula, bibi yake hakula, naye hatakula, basi. Siku ya harusi yangu mpishi alitia mayai kwenye keki, Mama mkwe akakaa muda wa saa nne na kipande mkononi, akitabasamu, hakukionja. Wewe hukujua?"

Evodia alikuwa hajui. Tangu akiwa na miaka mitatu, kila alipokuja Izimbya, Bibi alimchemshia yai, akalimenya kwa kucha zake ngumu, akampa lote. "Kula, mimi nimeshiba." Evodia aliamini kwamba kule kushiba kulikuwa mapenzi. Na ni kweli yalikuwa mapenzi, ila ndani yake palikuwa na kitu kingine ambacho hakuna aliyewahi kumtajia, kwa sababu kila mtu alidhani amekwisha kuambiwa na mwingine.

"Nitamwambia," alisema.

"Utamwambia nini? Kwamba umemlisha mayai kwa bahati mbaya? Nani atakuamini, wewe mtu uliyezika maharage?"

"Sikuyazika. Niliyastaafisha."

"Haya, uliyestaafisha maharage. Sikiliza, mwanangu. Yameshashuka tumboni, hayarudi. Hajui, hajaumwa, amefurahi. Wewe funga mdomo mpaka Jumatatu, ukishapokelewa shuleni utaungama kwa padri. Ukisema leo, ataona umemchezea mzee wa watu, na hapo Muleba utaisikia redioni." Akanyanyuka, gauni limelowa nyuma, akachukua ungo wake. "Mimi sijaona maganda."

Lilikuwa shauri la busara, na Evodia alilipokea. Shida ilikuwa miguu yake. Tangu saa ile miguu ilikataa kukaa. Alifagia uwanja, akaufagia tena. Alikwenda kisimani na ndoo mbili zilizojaa tayari. Alifukia maganda ya mayai chini ya mgomba, akaona udongo umetuna kama kaburi, akayafukua, akayafukia penye mgomba mwingine. Kuku mmoja alimfuata kote huko kwa jicho la shahidi wa serikali.

Cha kuudhi zaidi ni kwamba safari hii hakuwa amefanya mzaha. Katika maisha yake alikwisha kutenda mambo mengi aliyostahili kuadhibiwa, akaponyoka nusu yake kwa uso mnyoofu. Sasa alikuwa na jambo moja safi, kosa halisi la mtu mwaminifu, na hakuwa na uso wa kulisimulia. Alijaribu kujizoeza kusema mbele ya kioo cha Bibi. "Bibi, sikujua." Kioo kikamrudishia msichana mwenye macho ya kucheka. Akajaribu kuyafanya yasicheke, yakawa ya mwizi.

Jumapili walikwenda misa. Evodia alihama benchi mara mbili kwa kisingizio cha jua. Baada ya misa Bibi akasimama uwanjani na Mzee Rugaibula, mwimbaji wa kwaya tangu enzi za Kilatini, akaanza kumsifu mjukuu wake kwa sauti ya mtu anayetaka kusikiwa na wengi.

"Huyu hapa ana mikono. Kanipikia kikombe cha ulezi, nimekula na kikombe chenyewe!"

"Na kikombe?" Mzee Rugaibula akashangaa.

"Na kikombe. Nimekula vitatu. Mimi, na meno haya! Wanasema mtundu, mtundu. Mtundu gani anampikia bibi yake? Kesho nakwenda kumwambia Sista kwa kinywa changu: mtoto huyu amebadilika."

"Basi hongera, binti," alisema mzee, akampa Evodia mkono. Evodia akaupokea. Ulikuwa mkono mkavu wa mtu mwema, na aliushika muda mrefu kuliko inavyofaa kwa sababu hakujua aende wapi baada ya hapo.

Walipofika nyumbani Bibi akavua viatu, akaketi barazani, akaomba chai. "Na kimoja cha vile vikombe vyako," aliongeza. "Vya Sista vitatosha."

Evodia akaenda jikoni. Akajaza nanasi kwenye kikombe kimoja. Akatafuta entuntunu nzuri, akachagua, akaitupa, akachagua nyingine. Alijiambia kwamba tatu na nne ni yale yale. Aliyelowa haogopi mvua. Alijiambia kwamba kesho wakati kama huu atakuwa bwenini. Akabeba sinia, akapiga magoti, akaliweka mbele ya Bibi, na akakaa akiutazama mkono wa Bibi ukichukua tati na kuanza kupanda nayo.

Mkono ule ulikuwa na makovu ya jembe na pete moja nyembamba. Ulipanda bila haraka. Ulipofika usawa wa kidevu, Evodia akaruka na kuinyakua tati.

Chai ikamwagika. Bibi akabaki na vidole wazi.

"Umerukwa na akili?"

"Ina mayai."

"Nini?"

"Kikombe kina mayai, Bibi. Nilitia mayai mawili. Ulezi ulikuwa haushikani, nikatia mayai. Sikujua kwamba huli. Nilijua jana baada ya wewe kula, nikanyamaza." Alisema yote kwa pumzi moja, na alipomaliza alijikuta amesimama, jambo ambalo ni utovu wa adabu, akapiga magoti tena, tati ingali mkononi, nanasi linamtiririka hadi kwenye kiwiko.

Bibi akanyoosha mkono akachukua kikombe cha maji, akasukutua, akatema nje ya baraza. Akasukutua tena. Ilikuwa siku nzima na zaidi tangu azile, na wote wawili walijua kwamba maji yale hayakuwa na kazi yoyote ya kufanya. Akasukutua mara ya tatu.

"Mawili?" aliuliza.

"Mawili, Bibi."

"Katika vikombe vingapi?"

"Kumi na viwili."

"Nami nilikula vitatu. Wewe unayesoma, hiyo ni kiasi gani?"

Evodia hakutaka kupiga hesabu ile, lakini ilikwisha kujipiga yenyewe. "Nusu yai, Bibi."

"Nusu yai," alisema Bibi. Akatazama mbele, kwenye migomba. "Miaka sabini na tisa. Halafu nusu yai."

Evodia alisubiri kuulizwa kama ulikuwa mzaha. Alikuwa amejiandaa kuapa kwa kila mtakatifu anayemjua. Bibi hakuuliza. Akanyanyuka, akashika fimbo yake, akaingia ndani, akafunga mlango wa chumba chake, na hakutoka hadi chakula cha jioni, ambacho alikila upande wa pili wa moto bila kumwangalia mtu. Vestina alipokuja kurudisha ungo alitazama mara moja tu zile nyuso mbili, akaelewa, akatikisa kichwa kwa Evodia kama mtu anayepita penye ajali.

Asubuhi ya Jumatatu Evodia aliamka akiwa amekwisha kukata tamaa kwa utaratibu. Alikunja sare zake kwa ajili ya kuzirudisha Buhembe. Alikuwa akifunga begi Bibi aliposimama mlangoni, amevaa kitenge cha sikukuu, kifurushi cha kahawa kikiwa kwapani kimefungwa kwa jani la mgomba.

"Jaza vikombe vyako," alisema. "Basi halimsubiri mtu."

Hayo ndiyo maneno yote aliyoyasema kati ya Izimbya na Muleba. Evodia alikaa na kapu mapajani, akalipakata, akalibadilisha goti, akahesabu nguzo za umeme, akapoteza hesabu, akaanza upya. Mara tano alifungua kinywa. Bibi alikuwa akitazama dirishani. Kwenda anakwenda, lakini kusema nini? Mtu anaweza kusafiri mbali ili akukatae mbele ya mashahidi.

Ofisi ya Sista Benadetha ilinukia nta ya sakafu. Sista, mwanamke mrefu mwenye miwani iliyoning'inia kwenye mnyororo, alimpokea Bibi kwa mikono miwili, akamkalisha kwenye kiti chenye mto, akapokea kahawa kwa shukrani zote zinazostahili. Bibi akaliweka kapu mezani.

"Na hivi kavipika huyu. Vina mayai. Wewe unakula?"

"Nakula, Mama," alisema Sista, akashangaa kidogo kwa swali.

"Basi kula."

Sista akachukua tati moja kwa heshima, akaiweka kwenye kisahani, akafungua faili. Faili la Evodia lilikuwa nene, na mtu alikuwa amelifunga kwa kamba.

"Mama, utaratibu ni mfupi. Tunataka neno la mlezi tu. Umekaa na mtoto wiki tatu. Amebadilika?"

"Hajabadilika," alisema Bibi.

Evodia alihisi sakafu iliyong'arishwa ikimkimbia chini ya viatu.

"Amenilisha mayai," Bibi akaendelea. "Mimi, Kokugonza, ambaye sijala yai tangu nizaliwe."

Sista akaiweka kalamu chini. Naye alikuwa Mhaya, mzaliwa wa Ijumbi, na uso wake ulionyesha kwamba hakuhitaji kuelezwa maana ya jambo hilo. Aligeuka akamtazama Evodia kwa namna ambayo hata siku ya maharage hakumtazama.

"Kwa mzaha?"

"Subiri, waitu Sista, sijamaliza." Bibi akainua fimbo kidogo. "Hakujua. Nimefikiri usiku kucha nikaona kweli hakujua. Nilikuwa nampa mayai yangu tangu akiwa hivi, wala sikumwambia kwa nini. Nilidhani anajua. Mtoto wa mjini atajulia wapi? Hilo ni langu. Lakini baadaye alijua, akanyamaza siku nzima, na hilo ni lake. Jana nikataka kingine. Mkono wangu umefika hapa." Akaonyesha kidevu. "Angenyamaza tu, leo ningekaa kwenye kiti chako hiki nikuambie nimekuletea malaika. Nilikwisha kuwaambia na watu kanisani. Alijua hivyo, akakipokonya. Akanimwagia na chai."

Alipumzika, akavuta pumzi.

"Kwa hiyo siwezi kukuambia amebadilika, nitakuwa naongopa. Atakusumbua tena, huyu, macho yake nayajua, ni ya babu yake. Ila huyo aliyeninyang'anya kikombe, huyo namsimamia. Niandike hapo."

Sista akavaa miwani, akaivua. Bila shaka kwa kukosa la kufanya, akaiuma ile tati, akatafuna polepole, macho kwenye faili.

"Muhula mzima hupandi juu ya kitu chochote, Evodia," alisema hatimaye. "Si benchi, si ngazi, si jiwe. Ukiwa na la kusema utalisema ukiwa chini, tena kwangu kwanza."

"Ndiyo, Sista."

"Na hii," akaitazama tati iliyoumwa, "ni unga gani?"

"Ulezi, Sista. Haujachekechwa."

"Hm." Akaandika kitu, akageuza karatasi, akamwonyesha Bibi mahali pa kuweka sahihi. Bibi akaandika jina lake lote, herufi moja moja, akichukua muda wake.

Evodia alimsindikiza hadi getini. Kengele ya kipindi cha tatu ilikuwa imelia na wasichana walikuwa wanakimbia. Wawili walimwona wakapiga kelele kwa furaha, akawaashiria wanyamaze. Alitaka kupiga magoti, alitaka kumkumbatia, alitaka kusema kitu cha kuchekesha, na hayo yote yalimjia kwa pamoja, hivyo akasimama tu akihama mguu huu kwenda ule.

"Bibi, umenisamehe?"

"Bado."

"Lini?"

"Nikijua nitakuambia." Bibi alijifunga kitenge vizuri, akaivuka barabara kwa fimbo yake, na alipofika ng'ambo aligeuka. "Hujaingia darasani? Unangoja nini hapo? Nenda!"

Evodia akaenda. Alianza kwa kutembea, kama inavyoelekezwa katika kanuni za shule, kifungu cha tisa, lakini kabla hajafika penye bustani alikuwa tayari anakimbia.